Mdomo Wangu na Vitabu vya Bwana Lau

Nianze na ujinga wangu, ili wewe unayeugua ukijiona mjinga ujue kuna mwenzio aliyekutangulia. Dawa ya kwanza ya Kichina niliyopewa, niliinywa karatasi yake.

Sisemi dawa iliyofungwa ndani ya karatasi. Nasema karatasi yenyewe. Ilikuwa nyembamba, ya manjano, imeandikwa kwa brashi na wino mweusi, na herufi zake zilisimama moja juu ya nyingine kama vijumba vyenye mapaa na madirisha. Bwana Lau alinikabidhi, akasema, "Dawa yako hiyo," kisha vibarua wake wakamwita nje. Mie nikaikunja kwa adabu, nikaitia kifuani, nikarudi nayo Temeke. Nikamwambia mke wangu, Mwanahawa, alete bakuli jeupe na marashi. Nikaiosha karatasi taratibu mpaka wino ukaachia na maji yakawa meusi, nikapiga bismillahi, nikanywa.

Sie watu wa pwani tumelelewa hivyo. Ukiugua, mwalimu wa chuo hukuandikia aya kwa zafarani katika sahani, ikaoshwa kwa maji, ukanywa. Ndilo kombe hilo. Sikuona ajabu Mchina naye kuwa na kombe lake. Ajabu ni kwamba mie nilikuwa nimesoma mpaka sekondari, ni mkalimani wa mahakama, na siku chache tu kabla yake nilikuwa nimepewa cheti hospitali nikakipeleka dirishani kwa mtoa dawa, bila kufikiria hata kidogo kukiosha. Cheti cha Kiingereza nilikisoma, nikaona hakina baraka. Cha Kichina sikukisoma, nikaamini.

Ugonjwa wenyewe ulinijia wakati wa kaskazi, joto lile linalomfanya mtu aione sakafu ni bora kuliko kitanda. Nilioga jioni, nikalala chini ya dirisha na maji bado mgongoni. Asubuhi nikaketi kunywa chai, na chai ikapita upande wa kushoto wa mdomo ikashuka mpaka kwenye shati la kazi.

Mwanahawa akacheka. "Acha mzaha, utachelewa."

Nikataka kumwambia sifanyi mzaha. Maneno yakatoka yamelegea kama uji. Akaacha kucheka. Akanishika kidevu akanigeuza kwenye mwanga, nami nikayaona macho yake yakitembea kutoka upande mmoja wa uso wangu hadi wa pili, kama mtu anayelinganisha vipande viwili vya nguo dukani na kukuta havilingani.

Upande wa kushoto ulikuwa umekufa. Nyusi imeanguka, jicho halifumbi, shavu linaning'inia, mdomo umevutwa kulia kana kwamba nilikuwa namnong'oneza mtu asiyeonekana. Nikaenda kazini vilevile. Ndipo nilipojua mkalimani hana kazi nyingine ila midomo yake. Mshitakiwa alisema jambo, nikasimama kulipeleka kwa hakimu kwa Kiingereza, na kila herufi inayotaka midomo ikutane ikaniponyoka na mate juu. Mshitakiwa, aliyekuwa na mengi ya kumhuzunisha siku ile, akacheka kwanza. Kisha wazee wa baraza. Hakimu, Mzungu mwenye adabu zake, akayainamia makaratasi.

Karani mkuu alikuwa Mgoa, mtu wa maneno machache. Akaniita pembeni. "Nenda hospitali. Masika yakiisha, ukija na mdomo wako, kiti chako kipo. Ukija bila mdomo, kuna kazi ya kupanga mafaili ghalani." Hakusema kwa ubaya. Lakini kile kiti nilikuwa nimekipigania, na katika mtaa wetu watoto walinijua kwa jina la Mkalimani kuliko jina alilonipa baba. Mtu akishaitwa kwa kazi yake, ukiiondoa kazi hujui atabaki nani.

Hospitali nilikaa kwenye benchi la verandani mpaka nikayajua matundu yake. Anayeugua uso hana pa kujificha pale. Wenye vidonda miguuni hutazamwa mara moja, watu wakageuka kwa heshima. Uso watu huurudia. Mtoto mmoja alinitolea macho, kisha akavuta mdomo wake upande kuniigiza, mama yake akampiga kofi, mtoto akalia, na wote wakanitazama mie kama niliyemliza. Bibi mmoja wa Kimakonde aliyekuwa kando yangu, ana ndonya iliyotobolewa mdomo wa juu na michoro usoni, akanipa upande wa kanga yake nipanguse mate. Hakusema pole. Alisema tu, "Mdomo wako unatazama kulia, wangu unatazama mbele," akacheka, nami nikacheka kwa nusu niliyokuwa nayo. Kicheko kile ndicho dawa pekee iliyonifaa siku hiyo.

Maana daktari alisema hivi: mshipa wa uso umelala, huenda ukaamka, huenda usiamke wote, linda jicho, subiri. Sikumwona mwongo wala mvivu. Nakwambia nawe uanzie hapo, kwa sababu kuna maradhi mabaya zaidi yanayoanza na uso kama huu, na mwenye kuyatenga ni yeye. Lakini mtu aliyepewa masika kuwa ndiyo mwisho wake, ukimwambia asubiri umempa ugonjwa wa pili.

Nyumbani nilipokewa na maoni. Mama mkwe wangu, Bi Kidawa, alikuwa amekuja kutoka Kisarawe kututembelea, na kwa ukwe wetu hakuwa akinitazama usoni hata nilipokuwa mzima. Sasa alikuwa na sababu ya pili. Alisema na binti yake, kwa sauti ya kunifikia chumbani:

"Huo ni upepo. Mtu hapindwi uso hivihivi. Apelekwe Kisarawe akapungwe."

"Mama, daktari kasema mshipa."

"Daktari kamwona lini? Mie namsikia akila kila siku."

Na kweli nilikuwa nakula kwa kelele. Chakula kilijificha kwenye shavu lililokufa, nikakitoa kwa kidole kama ng'ombe aliyekosa ulimi. Ladha iliondoka upande mmoja. Mchuzi wa nazi wa Mwanahawa, ambao kwa ajili yake nilikuwa nakataa mialiko ya mji mzima, ukawa maji ya uvuguvugu. Alinikatia bua la jani la papai niwe nanywea uji, na hilo nalo nakupa bure: likatwe refu, liwekwe upande mzima. Akanifunga jicho kwa kitambaa safi nilalapo. Kioo akakigeuza kikatazama ukuta.

Mie ni mtu wa nyumbani, hilo wote wanalijua. Wenzangu wana mpira, wana ngoma, wana vilabu vya dansi. Mie nina kiti cha uvivu na mlango wa kufunga. Nilidhani ugonjwa ukinipa ruhusa ya kukaa ndani nitashukuru. Wiki haikuisha nikawa nazichukia mpaka kuta. Kwa hiyo shemeji yangu, anayefanya kibarua cha kukausha majongoo ya bahari kule Kurasini, aliposema tajiri wake Mchina aliwahi kumchoma sindano begani na bega likanyooka, nilivaa kilemba mpaka puani nikaondoka kwa miguu, mie ambaye kwenda Keko tu, mtaa wa jirani, nilikuwa nakuhesabu safari.

Bwana Lau alikuwa mtu mkubwa, mwenye sauti, mpenda kujisifu. Alikuja Unguja akiwa kijana, akavukia huku na biashara yake ya majongoo, na banda lake nyuma ya bandari lilinuka hata kipofu asingelikosa. Kiswahili chake kilikuwa cha Unguja, na wakati ule kilikuwa kizuri kuliko changu, kwa kuwa yeye alikuwa na midomo yote miwili. Baba yake alikuwa tabibu huko kwao, na babu yake, na yeye alikaririshwa vitabu tangu utotoni, kisha akakimbilia baharini. Vitabu vilimfuata. Alikuwa navyo ndani ya sanduku la mti wa karafuu maiti, akivianika juani kama majongoo yake.

Alinitazama ulimi. Akanishika kifundo cha mkono kwa vidole vitatu. Kisha akaandika ile karatasi. Na yaliyofuata unayajua.

Nilirudi baada ya siku chache. "Bwana Lau, shikamoo. Nimekuja kuchukua nyingine."

"Marahaba. Nyingine gani?"

"Karatasi. Ile imekwisha."

"Karatasi inakwishaje?"

"Nimeinywa."

Akaniomba nirudie, akidhani mdomo umenikosesha. Nikarudia. Yule mtu akaketi juu ya gunia akacheka mpaka akashika ubavu, akawaita vibarua, akanitaka niwaeleze na wao, na shemeji yangu akajifanya hanijui. Karatasi ile, kumbe, ilikuwa orodha ya mizizi. Nilitakiwa niipeleke mjini kwa Mchina mwenziwe mwenye mkahawa, aliyekuwa na kabati la dawa nyuma ya jiko. Kwao kila mtu anajua karatasi huenda kwa muuza dawa. Kwetu kila mtu anajua karatasi huenda kwenye bakuli. Hakuna aliyemwambia mwenzie.

"Na wino," nikauliza, "umetengenezwa kwa nini?"

"Masizi na gundi ya ngozi."

"Ngozi ya mnyama gani?"

Akanitazama, akaitazama kofia yangu, akasema, "Usiulize." Sijauliza mpaka leo.

Alipomaliza kucheka akawa mtu mwingine. Akafungua sanduku, akatoa kitabu kilichoshonwa kwa uzi, kurasa zake laini kama ngozi ya kitunguu. "Umekunywa maandishi bila kuyasoma," alisema. "Nitakuchoma sindano, lakini ukishachomwa lazima ukae kimya kitako mpaka kijiti cha udi kiungue. Muda wote huo utafanya nini? Utasoma."

Hivyo ndivyo nilivyoanza chuo nikiwa na mke, ndevu na sindano usoni. Zilikuwa nyembamba kama unywele. Moja kando ya jicho, nyingine kwenye shavu, nyingine pembeni ya mdomo, na moja, la kushangaza, mkononi baina ya kidole gumba na cha shahada. Hazikuuma sana. Zilileta uzito, kama mtu ameweka kidole pale akasahau kukiondoa.

Somo la kwanza lilikuwa kilima. "Kila kilima kina upande wa jua na upande wa kivuli," alisema. "Asubuhi huu, jioni ule. Kilima ni kilekile. Mwili nao."

"Ndiyo dawa hiyo?"

"Ndiyo dawa yote. Yaliyobaki ni kuuliza: saa hizi jua liko upande gani?"

Mie nilijiona najua. Nani wa pwani asiyejua kwamba hiki chakula cha baridi, hiki cha moto, na mzazi hapewi hiki mpaka apewe kile? Nikamwambia. Akafurahi, kisha akaniuliza kwa nini hiki ni baridi, nikamwambia ndivyo tulivyokuta. "Mnajua jibu," alisema, "mmepoteza swali." Kitabu chake kizima kilikuwa maswali: mfalme anauliza, tabibu anajibu, mfalme haridhiki anauliza tena. Nikampenda yule mfalme. Ni shahidi mgumu, na nimeshawatumikia wengi wa namna yake.

Kisha vikaja vitu vitano: mti, moto, udongo, chuma, maji. Kila kimoja humzaa mwenziwe, na kila kimoja kina wa kumtawala. Mti humlisha moto, moto huacha udongo. Maji huuzima moto, chuma huukata mti.

"Kama ukoo," nikasema kwa nusu mdomo. "Mama mkwe wangu ni chuma."

"Na wewe?"

"Mti."

Akalazimika kusimama asije akazitikisa sindano zangu kwa kicheko.

Desturi yetu ya kusoma ilikuwa hii. Yeye anasoma mstari kwa lugha yake, kwa sauti ya kupanda na kushuka kama mtu anayeimba bila kutaka ajulikane. Mie naurudia sauti kwa sauti. Anaueleza kwa Kiswahili cha sokoni. Mie naugeuza Kiswahili cha kusimama mbele ya hakimu, na yeye anaamua: "Sivyo," "Karibu," au mara chache sana, "Andika." Chuoni utotoni nilikariri bila kuelewa na nikachapwa kwa kukosea sauti. Hapa nilitakiwa nipatie sauti na maana pia, na mdomo ni nusu. Masika yakaingia. Njia ya Kurasini ikawa matope ya kuvua viatu, mvua ikalipiga bati la banda mpaka tukawa tunapigiana kelele juu ya figo na ini kama watu wanaogombana.

Niseme na habari za mshipa wa mkono, maana ndio ninaojivunia zaidi. Vidole vitatu, na kila kidole kina kiungo chake cha ndani cha kusikiliza. Na kila kidole kisikilize mara tatu, juu, katikati, na chini. Kuna mshipa unaobisha hodi kwa kucha, kuna unaosukuma mlango, kuna ambao umesimama nje unaona haya. Wiki nyingi sikusikia kitu ila kudunda. Nilimfanyia mazoezi Mwanahawa kila jioni.

"Unasikia nini?" aliniuliza.

"Nyamaza, nasikiliza ini."

"Lisikilize upesi, ugali unaungua."

Siku moja akaniambia nimpe mkono wangu yeye. Akaweka vidole vyake vitatu kama alivyoniona nikifanya, akafumba macho. "Huu wa katikati umekaza," alisema. "Kama uzi wa cherehani." Nilipomwambia Bwana Lau akapiga paja: ndivyo ulivyo kweli mshipa wa mtu mwenye hofu. Akanishauri nimlete mke wangu asome, mie nibaki nyumbani nipike. Sikuona ni shauri baya.

Lakini uso ulikuwa haujasogea. Masika yalifika katikati, jicho likawa jekundu, hospitali wakanipa mafuta ya kulipaka nikayapaka, sindano nikachomwa, mizizi nikachemshiwa, na asubuhi nikigusa shavu nalikuta lilelile, nyama ya mtu mwingine. Bi Kidawa akafunga mzigo wake. Alitaka kuondoka na mkwewe au na binti yake, alisema, mmoja kati ya hao, maana hawezi kutazama mwanawe akizeeka kwa kumpangusa mwanamume kidevu wakati mganga yupo. Wakati wa kula zikawa zinasikika sahani tu. Mwanahawa akamwambia mama yake, mbele yangu, jambo ambalo hakuwahi kulifanya: "Mama, nikienda Kisarawe nani atamkatia mabua ya papai?" Akatoka nje akalie.

Siku hiyo nilikwenda Kurasini kumrudishia Bwana Lau kitabu. "Vimenishinda," nilimwambia. "Na sindano zimenishinda. Masika yanakwisha."

Hakunibembeleza. "Uso wako unaweza kurudi wenyewe," alisema. "Nimeona waliorudi bila mie, na nimeona wasiorudi nami nikiwepo. Sikukuficha, hukuuliza. Lakini huu ukurasa hauwezi kurudi wenyewe. Hapa hakuna mtu mwingine anayeujua ila mie, na mie nina miaka mingi na kifua kibovu. Keti."

Nikaketi. Sijui hata leo kama lilikuwa neno la tabibu au la mzee mpweke anayetaka kusikilizwa. Sioni kwamba moja lazima lilifukuze lenzake.

Katika lugha yao kuna herufi inayotoka kwa pumzi, kama p yetu iliyopigwa teke. Tangu mwanzo alikuwa akinishikia kipande cha ile karatasi nyembamba mbele ya midomo: ukiitamka sawasawa, karatasi inaruka. Kwa upande wangu ilikuwa inaning'inia tu, na pumzi inatorokea pembeni. Siku ile nilisoma kwa hasira, bila kujali, nimeshakata tamaa na nataka tu tumalize ukurasa. Nikafika kwenye ile herufi. Karatasi ikatikisika.

Tukatazamana. "Tena," akasema.

Nikasema tena. Ikatikisika. Nikasema mara ya tatu na mate yakarukia kitabu cha baba yake, nikaruka kuyapangusa, naye akanishika mkono.

"Yaache," alisema. "Yametoka kushoto."

Nilitembea mpaka Temeke kwenye mvua nikisema pa, pe, pi, po, pu, na waliokutana nami wakanipisha njia.

Kuanzia hapo uso ulirudi kama mwenye nyumba aliyesafiri: kwanza anafungua chumba kimoja. Pembe ya mdomo ikavuta kidogo. Shavu likaanza kuwasha. Kope likashuka nusu, kisha robo tatu. Siku moja nikaonja nazi. Nikaweka kijiko chini nikamwambia Mwanahawa, "Umezidisha chumvi," naye akafurahi mpaka akamwita mama yake aje asikie nikilalamika.

Bi Kidawa alikuwa bado hajaondoka. Ule mzigo ulikaa mlangoni umefungwa kwa wiki kadhaa. Nilipomwambia binti yake, ili amwambie, kwamba kwa mujibu wa vitabu vya Bwana Lau nami nilipatwa na upepo, akashinda kesi: "Si nilisema!" Nikaeleza kwamba upepo wake ni pepo mwenye jina anayetaka kanzu nyekundu, na upepo wa Bwana Lau unaingia dirishani kwa mtu aliyelala na maji. Hakusikiliza, alikwisha kushinda. Lakini adhuhuri moja nikiwa chumbani, pazia la mlango likasogea na mkono ukapenyezwa, umefunikwa kanga mpaka vidoleni. Nje sauti ikamwambia Mwanahawa: "Mwambie mumeo magoti yananiuma. Asikilize huko anakosikilizaga."

Nikaweka vidole vitatu juu ya kanga. Sikumwona uso, hakuniona wangu, na heshima ya ukwe haikuvunjika hata uzi. Nilimshauri alale mbali na dirisha, na aache maji ya mtungi asubuhi. Nilipomsimulia Bwana Lau, akaniambia mabibi wa kwao zamani walipimwa hivyo hivyo, mkono nje ya pazia, na kwamba baba yake angependa kuliona hilo Temeke. Halafu akanisahihisha: kwa magoti ningeuliza pia kuhusu figo.

Masika yakaisha. Kipupwe kikaleta asubuhi za kujifunika. Nikavaa shati la kazi na kwenda kwa karani mkuu. Hakunitazama usoni sana, alinipa shauri la siku ile akasema, "Simama."

Kama shetani mwenyewe angetunga shauri la kunijaribu midomo asingefanya vizuri zaidi. Mbuzi wa Mzee Pembe amepita mpakani akala mbaazi za Mbwana, na Mbwana amempiga Pembe kwa mpini. Mzee Pembe alikuwa na meno machache na hasira nyingi. Nikaona wazee wa baraza wakijiweka sawa kusikiliza. Mwanahawa alikuwa nje, amesimama dirishani pamoja na jirani yetu Bi Chausiku, muuza vitumbua, mwanamke asiyejua kusema jambo kwa pembeni, wakati wote wa ugonjwa ndiye peke yake aliyeniuliza kila asubuhi, "Bado?" na kupita zake.

Nikavuta pumzi ya chini, ile ya ukurasa. Nikapeleka mbuzi, nikapeleka mpaka, nikapeleka mbaazi na mpini, kwenda kwa Kiingereza na kurudi kwa Kiswahili, moja baada ya nyingine, kavu, bila tone. Mzee Pembe akafoka, nami nikafoka kwa Kiingereza kwa kipimo chake. Hakimu akaandika. Hakuna aliyecheka. Hukumu sikuisikia vizuri, na hiyo ni aibu kwa mkalimani aliyeitafsiri mwenyewe. Tulipotoka karani mkuu akakisukuma kiti changu kwa mguu, kikarudi mahali pake, akasema, "Kesho saa mbili kamili."

Daktari anasema uso ungerudi wenyewe. Bi Kidawa anasema ni dua alizonisomea nyuma ya pazia. Bwana Lau anasema ni sindano, mizizi na ukurasa, kisha akiwa peke yake nami anasema hajui. Nimewaachia wagawane. Langu mie ni hili, nalisema kwa kujigamba kwa kuwa unyenyekevu nimeshaujaribu na haukuninyoosha mdomo: niliingia banda la majongoo nikiwa sina sauti, na leo upo mlango mzima wa kitabu kile, maswali ya mfalme na majibu ya tabibu, umekaa kwa Kiswahili safi, na kila mstari Bwana Lau ameuambia "Andika." Bado naenda kila Jumapili. Mwanahawa anakwenda pamoja nami, na ndiye mwenye vidole.

Wewe ambaye shavu lako limelala leo, usiutupe muda wa kungoja. Nenda hospitali, linda jicho, kata bua la papai, na tafuta kitu kigumu cha kusoma kwa sauti.

Siku ile ya mbuzi tulirudi Temeke kwa miguu, watatu. Nilikuwa nimejaa. Nilitaka mtu asiye mke wangu aniambie ukweli, na mtaa mzima hakuna mwenye ukweli mkavu kama Bi Chausiku. Nikasimama kwenye mwanga mbele ya mlango wake, nikavua kofia, nikacheka kwa meno yote ili auone uso ukifanya kazi, nikamwuliza umenyooka au haukunyooka. Akatua sinia. Akanitazama kulia, akanitazama kushoto, akarudia kulia.

"Umenyooka, mwanangu," alisema. "Ila usitafute zaidi ya hapo, hata kabla ya ugonjwa hukuwa mzuri."